Kuunda gitaa la Kihispania juu ya solera

Ukichungulia ndani ya gitaa la klasiki kupitia tundu lake la sauti, utaona kwamba shingo haikuchomekwa baada ya sanduku kukamilika. Kisigino cha shingo kinaingia ndani na kugeuka kuwa mguu mpana uliogandishwa kwenye uso, yaani ubao wa mbele, na mbavu mbili (mbao za pembeni za sanduku) zimepenyezwa katika mifuo iliyokatwa kwenye kisigino hichohicho. Huo ndio mtindo wa Kihispania. Kazi yote hufanyika gitaa likiwa limelala kifudifudi juu ya ubao mmoja unaoitwa solera, na ubao huo ndio unaoamua pembe ya shingo, mbinuko wa uso na kimo cha nyuzi juu ya daraja, kipande kinachozishikilia nyuzi usoni. Solera ikikosewa, hakuna hatua ya baadaye itakayolirekebisha gitaa bila kulifungua.

Vipimo vinavyofuatwa hapa ni vya familia iliyoanza na Antonio de Torres, seremala wa Almería aliyeishi kuanzia 1817 hadi 1892 na kufanya kazi kwa miaka mingi Sevilla. Yeye hakuvumbua kila kitu. Fito, vijiti vya kuuimarisha uso kwa chini, zilizotawanywa kama upepeo, zilikuwepo kabla yake. Alichofanya ni kukuza sanduku, kuukonda uso, kuubinua na kuzipanga fito saba kwa ulinganifu, hata mafundi wa Madrid, Granada na kwingineko wakamfuata. Mwaka 1862 alitengeneza gitaa lenye uso wa sprusi lakini mgongo na mbavu za karatasi iliyogandishwa kwa gundi. Gitaa hilo lipo katika Museu de la Música, Barcelona. Lichukue kama agizo la kazi: sauti hutokana zaidi na uso, basi muda wako mwingi uende kwenye uso, si kwenye mbao za bei kubwa za mgongoni.

Mbao, na hewa ya karakana

Kwa gitaa moja andaa hivi:

- Uso: vipande viwili pacha vya sprusi ya Ulaya (Picea abies) au seda nyekundu ya Amerika Kaskazini (Thuja plicata), kila kimoja mm 550 kwa 195, unene mm 4.
- Mgongo: vipande viwili pacha vya mm 550 kwa 195, na mbavu mbili za mm 800 kwa 110, zote unene mm 3.5. Palisanda ya India (Dalbergia latifolia), jamaa wa mpingo, ndiyo ya kawaida. Kwa gitaa la flamenko la kienyeji tumia saiprasi (Cupressus sempervirens).
- Shingo: sedro (Cedrela odorata), mbao nyepesi isiyopindapinda, mm 75 kwa 25, urefu mm 650, pamoja na vipande vya kupanga kisigino hadi kimo cha mm 100.
- Ubao wa vidole: abunusi, mm 480 kwa 70, unene mm 8.
- Daraja: palisanda, mm 195 kwa 30 kwa 11.

Palisanda ya Brazili (Dalbergia nigra) ina sifa kubwa, lakini iko katika Kiambatisho cha Kwanza cha CITES, mkataba wa biashara ya viumbe walio hatarini, tangu 1992, na biashara yake kuvuka mipaka imefungwa isipokuwa kwa mbao za zamani zenye hati. Gitaa zuri halihitaji mbao hiyo. Ya India iliwekwa Kiambatisho cha Pili mwaka 2017, kisha mwaka 2019 ala za muziki zilizokamilika zikaondolewa kwenye masharti hayo. Mbao ghafi bado inahitaji karatasi zake.

Unapochagua uso, tazama ncha ya ubao: pete za ukuaji zisimame wima, si kulala. Kisha pasua kijiti kutoka pembezoni kwa patasi. Kikipasuka sambamba na sura ya ubao, mbao ilikatwa kufuata nyuzinyuzi zake. Mpasuko ukichepuka na kutokea upande wa pili, nyuzinyuzi zimekatizwa, na ubao huo utakuwa dhaifu hata ukionekana mzuri. Ishara nyingine huonekana baada ya kuunganisha vipande pacha: chini ya taa nusu moja hung'aa na nyingine huonekana nyeusi, na ukiligeuza gitaa zinabadilishana. Hilo si doa la shelaki, vanishi ya gitaa. Ni nyuzinyuzi zilizochepuka, na haliondoki.

Unyevu wa hewa katika karakana uwe kati ya asilimia 45 na 50 siku ya kugandisha kitu chochote kinachokatiza mistari ya mbao, yaani miamba (mihimili ya kuimarisha) ya uso na ya mgongo. Sababu ni hesabu rahisi. Sprusi iliyokatwa wima husinyaa kiasi cha asilimia 0.14 ya upana kwa kila asilimia moja ya maji inayoitoka. Ukigandisha unyevu ukiwa asilimia 65, kisha gitaa likaishi kwenye chumba cha asilimia 35, mbao inapoteza kama asilimia 5 ya maji, na uso wenye upana wa mm 365 unataka kupungua kwa zaidi ya mm 2. Mwamba uliogandishwa kwa kukatiza hausinyai pamoja nao. Uso unavutika, unabonyea, kisha unapasuka. Nunua kipima unyevu kizuri kabla ya kununua randa ya pili, na hewa ikiwa mbaya fanya kazi ya shingo siku hiyo.

Gundi ni ya ngozi za wanyama. Loweka punje zake katika maji baridi kwa uwiano wa 1 kwa 2 kwa uzito, kwa saa kadhaa, kisha zipashe kwenye chombo kilichokaa ndani ya maji moto hadi nyuzi joto 60. Isichemke: joto kubwa huivunja nguvu. Tangu uipake una chini ya dakika moja kabla haijaganda kama jeli, kwa hiyo pasha mbao zote mbili kwanza na ufanye jaribio la vibano bila gundi. Gundi iliyoganda kabla ya kubanwa hudanganya. Kiungo huonekana kimeshika, halafu huachia katika kiangazi cha kwanza.

Solera

Chukua ubao mnene usiopinda, mm 25 au zaidi. Plaiwudi nzuri inafaa. Chora mstari wa katikati, kisha umbo la gitaa: urefu wa sanduku mm 485, upana wa juu mm 280, kiuno mm 235, upana wa chini mm 367. Kata solera ikiwa kubwa kuliko umbo hilo kwa mm 20 kila upande, na uache mkono wa kulalia shingo, urefu wa mm 340 kuanzia ukingo wa juu wa sanduku, yaani mahali pa freti ya 12 (freti ni vyuma vyembamba vinavyokatiza ubao wa vidole). Weka boliti kwenye mstari wa katikati, ndani ya eneo la tundu la sauti, ili kuushikilia uso usiteleze.

Sasa chimba beseni. Sehemu pana ya chini ya umbo ichongwe kwa kikwaruzo na msasa iwe na bonde lenye kina cha mm 2.5 chini ya mahali pa daraja, likipungua taratibu hadi sifuri kwenye kingo za umbo na kwenye mstari wa mwamba ulio chini kidogo ya tundu la sauti. Eneo la juu ya hapo libaki bapa kabisa, kwa kuwa ubao wa vidole utalala juu yake.

Kisha punguza mkono wa shingo. Kuanzia sifuri kwenye freti ya 12, ushuke polepole mpaka uwe chini kwa mm 2 mahali pa mfupa wa juu, kipande kinachobeba nyuzi kwenye ncha ya shingo. Gitaa likiwa kifudifudi, maana yake shingo iliyokamilika itainamia mbele, upande wa nyuzi, kwa mm 2. Wanaozoea gitaa la nyuzi za chuma hutegemea kinyume, shingo iliyolala nyuma, na hapo ndipo kosa kubwa kuliko yote katika mtindo huu huingia.

Ifanye hesabu hii kwenye karatasi kabla ya kuendelea. Urefu wa uzi ni mm 650, kwa hiyo kutoka freti ya 12 hadi kwenye mfupa wa juu ni mm 325, na hadi kwenye daraja ni karibu vilevile. Shingo ikiinama mbele mm 2 kwenye mfupa wa juu, mstari wa shingo ukirefushwa hadi kwenye daraja unazama mm 2 chini ya kingo za uso. Uso wenyewe pale umebinuka mm 2.5. Basi uso uko mm 4.5 juu ya mstari wa shingo. Ubao wa vidole wa mm 6.5 na freti ya mm 1 vinafanya vilele vya freti viwe mm 7.5 juu ya mstari huohuo. Toa 4.5 kwenye 7.5: mstari wa freti unapita mm 3 juu ya uso mahali pa daraja. Ukitaka uzi wa kwanza uwe mm 3 juu ya freti ya 12 na wa sita mm 4, kwenye daraja kimo hicho kinakaribia kuwa maradufu, yaani 6 na 8. Nyuzi zitakaa takriban mm 9 hadi 11 juu ya uso, na hicho ndicho kimo kinachotakiwa.

Sasa tazama kinachotokea ukikosea. Shingo ikiwa bapa bila kuinama, nyuzi zinapanda hadi mm 11 na 13. Nguvu ya kuligeuza daraja inaongezeka, uso unavimba nyuma ya daraja na kuzama mbele yake, sauti inakuwa ngumu. Ikilala nyuma ni mbaya zaidi. Ikiinama mbele mno, mm 4 kwa mfano, nyuzi zinafika mm 7 na 9, mfupa wa daraja (kipande kinachobeba nyuzi juu ya daraja) unabaki mfupi hata hakuna cha kupunguza mpigaji akitaka nyuzi zishuke. Kwa gitaa la flamenko kimo hicho cha chini ndicho kinachopendwa, kwa hiyo huko shingo huinamishwa zaidi kwa makusudi.

Uso

Nyoosha kingo za vipande pacha kwa randa ndefu iliyolazwa ubavu juu ya ubao wa kunyooshea. Zishikanishe mbele ya dirisha. Mwanga ukipenya hata kwa urefu wa kidole, rudia. Gandisha, subiri siku moja, kisha randa upande utakaokuwa nje mpaka uwe safi.

Roseta, pambo la duara linalozunguka tundu la sauti, inaingia sasa, ubao ungali mnene. Kituo cha tundu kiko mm 150 kutoka ukingo wa juu, na tundu lina kipenyo cha mm 85. Chimba mfereji wa roseta kwa kina cha mm 1.5 kwa kisu cha kuzungusha na patasi nyembamba. Roseta ya Kihispania ni vigae vya vijiti vya mbao vya rangi mbalimbali vilivyogandishwa kama tofali dogo na kukatwa vipande vyembamba. Kuijenga mwenyewe kunaweza kula siku nyingi, lakini roseta haitoi sauti; anayeanza anunue iliyo tayari bila aibu. Gundi yenye maji mengi huvimbisha sprusi na roseta ikagoma kuingia, kwa hiyo ijaribu kavu na iingie bila kusukumwa kwa nyundo.

Kisha konda uso kutoka ndani. Shuka kwa randa hadi mm 2.8, halafu tumia kikwaruzo huku ukipima unene kwa kalipa kila sentimita tano. Sprusi ya kawaida huishia mm 2.4 hadi 2.5 katikati na 2.0 hadi 2.2 kwenye kingo za sehemu pana ya chini. Seda ni dhaifu zaidi kwa unene uleule, iachie mm 0.2 hadi 0.3 zaidi. Fundi wa magitaa José Ramírez wa Tatu alipoanza kutumia seda Madrid katikati ya miaka ya 1960, ilionekana ni mbadala. Leo ni chaguo kamili lenye sauti yake, inayofunguka mapema kuliko ya sprusi.

Namba hizo ni pa kuanzia tu. Ubao mmoja wa mm 2.4 unaweza kuwa mgumu kama mwingine wa mm 2.7. Ushike kwa mikono miwili kwenye kingo na uukunje kidogo kwa upana, kukatiza mistari. Mwanzoni unakataa. Ukiendelea kukwaruza, inafika hatua ambapo unakubali ghafla, ukanda baada ya ukanda, na mlio wake ukiugonga kwa kifundo cha kidole karibu na daraja unashuka na kurefuka. Hapo simama. Andika unene, uzito na tarehe ya kila uso unaoutengeneza, maana vidole husahau na daftari halisahau. Fundi wa peke yake hutengeneza magitaa machache kwa mwaka, kwa hiyo bila kumbukumbu, gitaa la nane halitajifunza chochote kutoka la pili.

Fito saba hupasuliwa kutoka kwenye gogo dogo la sprusi kwa kisu kizito. Zisikatwe kwa msumeno kabla ya kupasuliwa: ufito uliokatwa kwa kukatiza nyuzinyuzi una nusu ya faida yake. Upana mm 6, kimo mm 4, mistari ikisimama wima. Zipange kama upepeo: mmoja katikati, tatu kila upande, zikikaribiana kuelekea tundu na kutawanyika kuelekea chini. Vijiti viwili vya kufungia vinalala mshazari chini ya ncha zake, kama herufi V iliyo wazi. Kati ya fito na tundu kuna mwamba wa kukatiza wa mm 7 kwa 17, na mwingine juu ya tundu. Chini ya daraja wengine huweka kipande chembamba cha sprusi cha mm 1.5 kukatiza fito. Torres hakukihitaji kila mara, na gitaa jepesi linaweza kuishi bila hicho.

Gandisha fito uso ukiwa umebanwa ndani ya beseni la solera, kwa fimbo za kupinda zinazosukuma kutoka kwenye dari ndogo iliyofungwa juu ya meza. Fimbo tatu kwa kila ufito zinatosha. Sehemu ya chini ya kila ufito ikwanguliwe kwanza ifuate mbinuko. Usiulazimishe ufito ulionyooka ukae kwenye bonde, kwa sababu utaukunja uso mara utakapotoka kwenye vibano. Gundi ikikauka, chonga migongo ya fito iwe ya mviringo na ncha zishuke hadi mm 1.5. Ukiona uso bado mgumu, punguza ncha za fito za pembeni kabla ya kugusa za katikati.

Shingo na mbavu

Kata shingo kwa mshazari wa nyuzi 15 mahali pa kichwa, geuza kipande na ukigandishe ili kichwa kiinamie nyuma bila mistari ya mbao kukatika. Kichwa kiwe na unene wa mm 20. Mashimo ya mashine za kukazia nyuzi yawe na kipenyo cha mm 10 na umbali wa mm 35 kutoka kituo hadi kituo. Yatoboe kabla ya kufungua nafasi mbili ndefu za katikati, la sivyo keekee itachepuka.

Panga vipande vya kisigino, vigandishe, kisha kata mifuo ya mbavu kwenye mstari wa freti ya 12 hasa. Mfuo uwe mpana kuliko ubavu kwa mm 0.2 tu, na uelekee kama mzingo wa sehemu ya juu unavyoelekea. Mfuo uliolegea hujazwa kwa kabari ndefu ya sedro iliyopakwa gundi, njia halali ambayo mafundi wakubwa wameitumia. Mfuo uliobana ndio hatari, maana ubavu hukwama nusu njia gundi ikiganda.

Mbavu zikondwe hadi mm 2, ziloweshwe, na zipindwe kwenye bomba la chuma lenye moto wa kutosha kufanya tone la maji liruke. Anza na kiuno. Usikunje kwa nguvu za mkono. Egemeza ubavu, usubiri mpaka uhisi unalegea wenyewe, ndipo uusogeze. Bomba likiwa baridi, ubavu huvunjika kwa nje. Ukiuweka palepale muda mrefu, huungua ndani na kupinda pembe badala ya mzingo. Kwa saiprasi tumia maji kidogo tu.

Kufunga sanduku

Uso unalala kifudifudi juu ya solera na kushikwa na boliti. Gandisha mguu wa shingo kwenye uso huku mstari wa katikati wa shingo ukiangukia juu ya mstari wa solera. Kosa la mm 1 hapa hufika kwenye daraja likiwa nyuzi zimehamia upande mmoja. Penyeza mbavu kwenye mifuo, zizungushe kufuata mchoro, na uzishike kwa vitofali vya mbao vilivyofungwa kwa skrubu kuzunguka umbo. Kipande cha mkiani huziunganisha chini.

Halafu zinakuja peones, vitofali vidogo vya pembetatu vya sprusi au sedro, upana mm 6 hadi 7, vinavyogandishwa kimoja kimoja kwenye kona kati ya ubavu na uso. Havihitaji kibano: tone la gundi moto, bana kwa kidole hadi sekunde ishirini, nenda kinachofuata. Ni kazi ndefu, lakini haivuti ukingo, na inaufanya uso ushike bila mkazo. Ukanda mmoja mrefu unaopindwa ni wa haraka zaidi na unafaa kwa upande wa mgongo.

Mgongo ukondwe hadi mm 2.4, upewe miamba mitatu yenye mbinuko wa mm 4 hadi 5, na kingo za mbavu zirandwe ili sanduku liwe na kina cha mm 94 kisiginoni na 100 mkiani. Kabla ya kuufunga, funga shingo imara kwenye mkono wa solera na upime kwa rula tena ule mteremko wa mm 2. Mgongo unapobanwa huvuta kisigino, na shingo isiyofungwa hunyanyuka. Gitaa likishafungwa hali hiyo, pembe uliyoihesabu imekwisha kupotea. Bana mgongo kwa kamba ndefu inayozungushwa kutoka ukingo hadi ukingo, au kwa vibano vingi vidogo, na uache mpaka siku ya pili.

Kingo za mapambo hufuata: mfereji wa mm 2 kwa 6 kuzunguka uso na mgongo, ukikatwa kwa kisu cha kupimia. Kwenye kiuno cha uso wa sprusi kata taratibu, kwani hapo mistari hugeuka na kisu hupenda kuchana kuelekea ndani.

Ubao wa vidole na freti

Kila freti hupatikana kwa kugawa urefu uliobaki kwa 17.817. Kwa mm 650, freti ya 1 iko mm 36.48 kutoka mfupa wa juu, ya 2 iko 70.92, ya 3 iko 103.42, ya 5 iko 163.05, ya 7 iko 216.18, ya 12 iko 325.00 na ya 19 iko 433.09. Pima zote kutoka sehemu moja, mwanzo wa ubao. Ukipima kutoka freti hadi freti, makosa madogo hujumlishana hadi gitaa lisikubali kupatana sauti juu ya shingo.

Upana uwe mm 52 kwenye mfupa wa juu na 62 kwenye freti ya 12. Gundi yenye maji huivimbisha abunusi upande wa chini na kuikunja shingo nyuma, kwa hiyo acha vibano siku mbili au tatu, kisha unyooshe ubao upya kwa randa na msasa kabla ya kupigilia freti. Acha bonde la mm 0.2 hadi 0.3 katikati ya shingo, la kutosha uzi mnene kutikisika bila kugusa. Nyuma ya shingo chonga mpaka unene wote, pamoja na ubao wa vidole, uwe mm 22 kwenye freti ya kwanza na 24 kwenye ya tisa.

Shelaki, kisha daraja

Yeyusha gramu 100 za magamba ya shelaki katika lita moja ya spiriti safi, uchuje. Kidonge cha kupakia ni sufi au pamba iliyofungwa ndani ya kitambaa cha kitani. Funika kwanza mahali pa daraja kwa karatasi ya kunata. Ziba vinyweleo vya palisanda kwa unga wa pumisi (jiwe jepesi la volkano) kidogo na spiriti, kwa miduara, mpaka mbao iwe laini. Uso wa sprusi usiguswe na pumisi wala vumbi la palisanda, litatia madoa mekundu yasiyotoka. Halafu paka shelaki kwa tabaka nyembamba mno, ukiongeza tone la mafuta ya zeituni kidonge kinapoanza kushika. Kidonge kisisimame hata nukta moja juu ya uso uliolowa: spiriti huyeyusha kilichopakwa jana na kuacha alama ya kitambaa. Kila baada ya vipindi viwili au vitatu pumzisha siku kadhaa. Rangi za kunyunyiza za viwandani hukauka upesi na kustahimili jasho, lakini ni nzito, na uso wa mm 2.4 unausikia uzito huo.

Daraja lenyewe likamilike na gramu 18 hadi 22. Chini yake likwanguliwe lifuate mbinuko wa uso, lisikae kama ubao bapa unaobanwa kwa nguvu. Mstari wa mbele wa mfupa wa daraja uwe mm 652 kutoka mfupa wa juu. Zile mm 2 za ziada hufidia kuvutika kwa uzi unapobonyezwa. Kwangua mbao iwe tupu, pasha daraja, paka gundi mpya, bana kwa vibano vitatu vinavyoingia kupitia tundu la sauti, na usitie nyuzi kabla ya saa 24. Nyuzi sita huvuta kwa jumla ya kilo 40 hivi. Daraja likinyanyuka baadaye, karibu kila mara sababu ni moja kati ya tatu: shelaki iliyobaki chini yake, gundi iliyoganda mapema, au sehemu ya chini isiyolingana na uso.

Nyuzi za kwanza

Anza na mifupa mirefu kuliko inavyohitajika na uipunguze kidogo kidogo. Kwenye mfupa wa juu, bonyeza uzi kwenye freti ya 3: juu ya freti ya 1 ibaki nafasi ya karatasi mbili tu. Kwenye freti ya 12 fuata mm 3 na 4, lakini usikate kipimo cha mwisho wiki ya kwanza, kwa sababu uso bado unajipanga chini ya mvuto na nyuzi hupanda kidogo.

Uzi ukivuma kwenye freti moja tu, freti ya mbele yake imesimama juu. Igonge au uisugue kwa tupa. Ukivuma karibu kila mahali kuanzia freti ya 1 hadi ya 5, shingo imekunjika nyuma; ukivuma pale tu usipobonyezwa, mfupa wa juu ni mfupi. Noti moja ikiwa na kishindo kisha ikafa haraka kuliko jirani zake, gonga daraja huku ukikandamiza nyuzi, na usikilize mlio wa hewa ndani ya sanduku. Katika magitaa mengi huo huangukia karibu na F♯ au G ya chini, herzi 92 hadi 98. Ukiwa sawasawa juu ya noti, noti hiyo ndiyo itakayomeza nguvu. Kukwangua kidogo ncha za fito za nje, kwa mkono unaopita tundu la sauti na kipande cha msasa kwenye kidole, hushusha mlio huo ukae kati ya noti mbili. Kwangua viharusi vichache, tia nyuzi, piga kwa siku mbili, ndipo uamue kama utaingiza mkono tena.